Kupima pichi ya nyuzi na kuchagua bronzi ya nati mpya: mwongozo kamili kwa fundi

Nati ya bronzi iliyo ndani ya jiliwa, ndani ya geti vali ya bomba kubwa au chini ya slaidi ya leithi (mashine ya kukereza) imewekwa pale ili iishe. Parafujo ya chuma inayopita ndani yake ni ndefu, ni ghali na kuichonga upya ni kazi ya siku nzima. Nati ni kipande kifupi tu. Aliyebuni mashine aliamua mapema nani aliwe, na akachagua nati. Kwa hiyo siku hendeli inapozunguka karibu robo nzima kabla slaidi haijaanza kutembea, mashine haijafa. Nati imemaliza kazi yake na inataka mrithi.

Mwongozo huu unafuata kazi hiyo moja mwanzo hadi mwisho: umeletewa parafujo ya slaidi ya leithi pamoja na nati iliyoliwa, na unatakiwa kuchonga nati mpya ya bronzi. Ukiweza hii, nati ya jiliwa, ya presi au ya vali haitakusumbua, na bolti ya kawaida ya gari itakuwa mchezo. Kazi ina maswali mawili ambayo mafundi wengi huyajibu kwa kukisia: uzi huu ni wa pichi gani, yaani umbali wa uzi hadi uzi, na bronzi ipi inafaa. Yote mawili yana majibu ya kupimwa.

Vifaa

Vernia ya mm 150, rula ya chuma yenye milimita upande mmoja na inchi upande wa pili, geji za nyuzi za aina mbili (za milimita na za inchi), brashi ya waya, mafuta ya taa, karatasi nyeupe, sumaku, tupa ndogo, na mizani ya jikoni inayosoma gramu moja moja. Maikromita ikiwepo ni vizuri, lakini kazi haisimami kwa kukosa maikromita.

Kwanza safisha, halafu angalia kwa macho

Loweka parafujo kwenye mafuta ya taa, kisha piga brashi hadi mabonde ya uzi yaonekane chuma kitupu. Grisi kavu iliyochanganyika na vumbi la chuma hujaza bonde na kudanganya geji. Hii si hatua ya kuruka.

Simamisha parafujo wima mbele yako. Nyuzi zikipanda kuelekea kulia, ni ya mkono wa kulia. Zikipanda kuelekea kushoto, ni ya mkono wa kushoto. Parafujo za slaidi ya leithi inayokwenda mbele na nyuma mara nyingi ni za kushoto, ili ukizungusha hendeli kwa mwendo wa saa kisu kiende mbele kuelekea kazi. Nati ya mkono wa kulia iliyochongwa vizuri kabisa kwa parafujo ya kushoto ni kipande cha bronzi cha kurudisha kwenye skrepa, basi.

Sasa tazama ncha ya parafujo, pale uzi unapoanzia. Hesabu mianzo. Nyingi zina mwanzo mmoja. Presi za mkono na baadhi ya vali zinazofunguka haraka zina miwili, mitatu au zaidi. Pichi ni umbali wa kilele kimoja hadi kilele kinachofuata. Mwendo ni umbali ambao nati inasafiri kwa mzunguko mmoja. Parafujo ya mwanzo mmoja ina pichi na mwendo sawa. Yenye mianzo miwili na pichi ya mm 4 inasogeza nati mm 8 kila mzunguko. Ukisahau kuhesabu mianzo, utapima kila kitu sawasawa kisha useti gia vibaya.

Kipenyo: pima mahali ambapo nati haifiki

Katikati ya parafujo ndipo kazi yote hufanyika, na ndipo palipoliwa. Ncha zote mbili kwa kawaida zina nyuzi kadhaa ambazo nati haijawahi kuzigusa. Pima kipenyo cha nje hapo, mara mbili au tatu, ukizungusha parafujo. Vernia ikisoma 19.9, chukua 20. Ikisoma 25.35, usikimbilie kuandika 25: inchi moja ni mm 25.4, na hiyo ni dalili ya kwanza kwamba mashine imetoka upande wa inchi.

Pichi: pima nyuzi nyingi, gawanya

Hapa ndipo kazi yote ilipo, kwa hiyo tutakaa kidogo.

Kosa kubwa ni kupima umbali wa uzi mmoja kwa vernia. Pichi ya mm 1.25 na ile ya nyuzi 20 kwa inchi, yaani mm 1.27, zinatofautiana kwa mm 0.02. Hakuna jicho wala mkono utakaoona tofauti hiyo juu ya uzi mmoja. Lakini juu ya nyuzi 20 tofauti inafika mm 0.4, na hiyo inaonekana hata kwa rula. Uzi mmoja unaficha, nyuzi nyingi zinasema.

Fanya hivi. Weka alama ya kalamu kwenye kilele kimoja upande wa ncha isiyoliwa. Hicho kiite sifuri, wala si moja. Kinachofuata ndicho cha kwanza. Hesabu hadi cha kumi, uweke alama nyingine. Ukianza kuhesabu kwa kusema moja kwenye kilele cha kuanzia, utakuwa na vilele kumi lakini nafasi tisa, na jibu lako litakosea kwa asilimia kumi.

Kwa uzi wa umbo la trapeza, ambao ndio hupatikana kwenye parafujo za kusogeza mzigo, kilele ni bapa, hivyo usipime katikati ya kilele kwa kukadiria. Weka ncha ya taya ya vernia kwenye ukingo wa kushoto wa kilele cha sifuri, na taya ya pili kwenye ukingo wa kushoto wa kilele cha kumi. Kushoto kwa kushoto. Ukichanganya kushoto na kulia unaongeza unene wa kilele ndani ya kipimo. Shika vernia sambamba na mhimili wa parafujo, maana ikilala upande hata kidogo kipimo kinarefuka.

Sasa gawanya kwa kumi. Ukipata mm 40.0, pichi ni 4. Ukipata mm 50.0, pichi ni 5. Ukipata mm 50.8, hapo simama: hiyo ni mm 5.08, yaani mm 25.4 gawanya kwa 5, nyuzi tano kwa inchi. Ni uzi wa Acme wa Marekani, si wa trapeza wa milimita. Kwa macho hazitofautiani kabisa. Pembe ya Acme ni digrii 29, na ya trapeza ni digrii 30, tofauti ambayo hata geji itakubishia. Kinachowatenganisha ni ile mm 0.8 juu ya nyuzi kumi. Nati ya pichi 5 itaingia kwenye parafujo ya 5.08 mizunguko michache, kisha itabana, na kijana wa karakana atakuja na spana ndefu kuilazimisha. Usimruhusu.

Ukishapata pichi kwenye ncha, rudia kipimo katikati ya parafujo, mara hii upime pia unene wa kilele. Kilele cha katikati kikiwa chembamba waziwazi kuliko cha ncha, parafujo nayo imeliwa. Nati mpya itakaza kwenye ncha na kulegea katikati, na hakuna bronzi itakayoponya hilo. Mwambie mwenye mashine kabla hujapokea pesa yake.

Geji ya nyuzi tumia kama shahidi wa pili. Ni haraka kwa bolti za uzi wa pembe tatu: bandika jani la geji kwenye uzi, inua dhidi ya mwanga, na tafuta mwanya. Mwanga usipopenya popote kwenye urefu wote wa jani, pichi ni hiyo na pembe ni hiyo. Mwanga ukipita ncha moja tu ya jani, uko kwenye jani la jirani.

Kama huna geji kabisa, funga karatasi juu ya uzi na usugue kwa kidole chenye grisi nyeusi. Vilele vitajichapa kama mistari. Tandaza karatasi mezani na upime mistari kwa rula bila haraka. Kwa uzi wa ndani, wa nati ambayo haina parafujo yake, chonga kijiti cha mti laini, kikandamize kwenye ukuta wa tundu sambamba na mhimili, kitoke na alama za nyuzi. Pima alama hizo.

Leithi ina njia nyingine ya kuthibitisha. Soma daili ya hendeli: ikiwa ina mistari 80 na kila mstari ni mm 0.05 ya mwendo wa slaidi, mzunguko mmoja ni mm 4, na mwendo wa parafujo ni huo. Ila baadhi ya daili zinaonyesha kiasi kinachopungua kwenye kipenyo cha kazi, na hapo slaidi inatembea nusu ya kilichoandikwa. Zungusha hendeli mizunguko mitano, upime kwa vernia slaidi imesogea kiasi gani. Namba tatu zikikubaliana, yaani kipimo, geji na daili, andika ukutani.

Uzi ni wa ukoo gani

Afrika Mashariki tumerithi koo zote. Joseph Whitworth alipendekeza kiwango chake Uingereza mwaka 1841, pembe ya digrii 55 yenye vilele vya mviringo. William Sellers wa Philadelphia akaleta digrii 60 mwaka 1864. Mwaka 1948 Marekani, Kanada na Uingereza zikakubaliana uzi mmoja wa inchi wa digrii 60. Milimita nayo ni digrii 60. Kwa hiyo karakana ya Gerezani, Kamukunji au Katwe inaweza kupokea asubuhi pampu ya zamani ya Kiingereza, mchana gari la Kijapani, na jioni kifaa cha Kimarekani.

Kwa bolti za milimita, pichi za kawaida ni hizi: M6 (yaani kipenyo cha mm 6) ni 1, M8 ni 1.25, M10 ni 1.5, M12 ni 1.75, M16 ni 2, M20 ni 2.5, M24 ni 3. Kwenye magari utakutana sana na pichi laini, mathalani M10 kwa 1.25 na M12 kwa 1.25 au 1.5, na hapo ndipo bolti nyingi hufa kwa kulazimishwa. Jihadhari pia na inchi 5/16 yenye nyuzi 18: kipenyo chake ni mm 7.94, karibu kabisa na M8, ila pichi ni mm 1.41. Na nusu inchi ya Whitworth ina nyuzi 12, ya Kimarekani ina 13.

Mabomba yana mambo yake. Uzi wa bomba la nusu inchi wa Kiingereza una kipenyo cha nje cha mm 20.955, kwa sababu nusu inchi inataja tundu la bomba la zamani, si uzi. Una nyuzi 14 kwa inchi, sawa na wa Kimarekani wa nusu inchi, lakini mmoja ni digrii 55 na mwingine 60. Vitaingiliana vizuri kisha vitavuja.

Bronzi ipi

Bronzi halisi ni shaba nyekundu na bati. Vyote viwili vinachimbwa mlangoni kwetu: shaba Katanga, bati Manono, zote Kongo, na bati jingine Rwanda na Kyerwa mkoani Kagera. Hata hivyo fimbo ya bronzi unayoinunua dukani huenda imezunguka nusu ya dunia kabla ya kurudi.

Kwa nati yetu na kwa bushi nyingi, chaguo langu la kwanza ni bronzi yenye risasi: shaba takriban asilimia 83, bati 7, risasi 7, zinki 3. Wauzaji wanaijua kwa namba SAE 660 au C93200. Mtindo wa Kijerumani unaokaribiana nayo ni Rg7. Risasi haiyeyukiani na shaba, hubaki kama vitone vidogo ndani ya metali, na mafuta yanapokatika vitone hivyo ndivyo vinavyolainisha kwa muda. Pia bronzi hii inameza chembe za uchafu badala ya kuzishikilia juu zikwaruze parafujo. Ni laini kuliko chuma cha parafujo, na ndivyo tunavyotaka.

Bronzi ya fosforasi, yenye bati asilimia 10 hadi 12, ni ngumu zaidi na inavumilia mzigo mzito. Ndiyo ya magurudumu ya gia za minyoo. Iweke pale parafujo au shafti imekazwa kwa moto na mafuta hayakosekani.

Bronzi ya alumini ina nguvu kuliko zote hizi. Ile ya C95400 ina alumini kama asilimia 11 na chuma 4. Wapo wanaoipenda kwa sababu haiishi. Haiishi kweli, itakula parafujo badala yake, ikiwa parafujo ni ya chuma laini. Hiyo ni kupindua mpango mzima wa mashine. Mahali pake ni mizigo mikubwa ya mwendo mdogo juu ya shafti ngumu.

Ndugu yake yenye nikeli ndiyo inayotengenezewa propela za meli, kwa sababu inahimili maji ya chumvi. Fundi wa boti asikubali brasi ya kawaida yenye zinki nyingi kwa kazi ya baharini: chumvi hunyonya zinki, kipande kinabaki cha waridi na kimejaa matundu kama mbao iliyoliwa na mchwa, na kinavunjika kwa mkono. Bolti za boti zinafaa ziwe za bronzi ya silikoni. Na kile kinachouzwa kama bronzi ya manganizi kwa undani ni brasi yenye nguvu, zinki tele ndani yake.

Kuna pia bushi za unga wa bronzi uliokandamizwa, zenye matundu madogo yaliyojaa mafuta. Zimo kwenye feni za mezani na mota ndogo. Usizioshe kwa petroli, utatoa mafuta yote. Iliyokauka iloweke kwenye mafuta ya moto kiasi hadi iache kutoa mapovu.

Bronzi yenye risasi isiguse maji ya kunywa wala chakula.

Kuitambua kwenye skrepa

Fimbo mpya ina namba. Kipande cha skrepa hakina, ila kinaweza kuhojiwa.

Sumaku kwanza: ikikamata kwa nguvu, ni chuma kilichopakwa rangi. Ikivuta kwa mbali sana, huenda ni bronzi ya alumini yenye chuma ndani. Piga tupa uone rangi mpya: shaba ni nyekundu, brasi ni ya manjano, bronzi ya bati ni kahawia yenye wekundu, ya alumini inang'aa kama dhahabu. Toboa kidogo kwa keekee. Yenye risasi hutoa vumbi na vipande vifupi, isiyo na risasi hutoa nywele ndefu.

Kisha uzito. Pima kipande kikiwa kikavu, tuseme gramu 528. Weka kikombe cha maji juu ya mizani, sawazisha isome sifuri, ning'iniza kipande kwa uzi kizame chote bila kugusa chini wala ukuta. Mizani ikipanda gramu 60, gawanya 528 kwa 60: ni 8.8, na hiyo ni bronzi ya bati. Bronzi ya alumini ingetoa karibu 7.6. Brasi huwa kama 8.5, hivyo hapo usiamini mizani peke yake, rudi kwenye rangi.

Kipande usichokijua usikiyeyushe. Zinki hutoa moshi mweupe unaoleta homa, na risasi ni sumu. Kingine kinaweza kuwa na berili, iliyomo kwenye zana zisizotoa cheche, na vumbi lake linaharibu mapafu.

Kuchonga nati

Tuseme vipimo vimesema trapeza ya mm 20 kwa pichi 4, mkono wa kushoto, mwanzo mmoja. Tundu la nati ni kipenyo toa pichi: 20 toa 4, yaani mm 16. Bonde la ndani liende hadi mm 20.5, ili kilele cha parafujo kisiguse. Mbavu za uzi ndizo zibebe mzigo. Urefu wa nati uwe kati ya mara moja na nusu na mara mbili ya kipenyo, kama nafasi inaruhusu. Kwa bolti ya kawaida kanuni ni ile ile: M10 kwa 1.5 toboa 8.5, M8 kwa 1.25 toboa 6.8.

Biti ya keekee huwa inachomekea bronzi kwa ghafla na kuivuta kazi. Sugua makali yake yawe bapa kidogo kwa mbele. Kisu cha kukereza kiwe kikali na uso wake wa juu uwe bapa, bila mteremko. Tapu za bronzi zitenge na za chuma, kwa sababu bronzi hujibana baada ya kukatwa na tapu iliyochoka inakwama humo humo na kuvunjika.

Kwa uzi wa inchi juu ya leithi ya milimita utahitaji gia ya meno 127, maana 25.4 mara tano ni 127 kamili. Usipokuwa nayo, gia ya meno 63 katika mpangilio wa 80 kwa 63 inakaribia sana. Kwa nati ya mm 40 kosa lake halifiki hata mm 0.01, na hakuna atakayelihisi.

Kata uzi kidogo kidogo, na ujaribu kwa ile ncha ya parafujo isiyoliwa, siyo kwa katikati. Inapoingia kwa vidole vitatu bila kutikisika, acha. Toboa tundu la mafuta lifike kwenye bonde la uzi, chonga mfereji mdogo, osha chembe zote. Funga nati bila kukaza bolti zake, peleka slaidi hadi karibu na hendeli ili nati ijipange yenyewe na parafujo, kisha ndipo ukaze.

Chembe za bronzi zilizoanguka kwenye trei zifagie kabla hujakereza chuma tena. Zikichanganyika, mnunuzi wa skrepa atazipima kwa bei ya chuma.